MTAMBO WA KUFUMIA WAKATI: MLINZI AU MKATAJI?

Nimeishika kalamu ili nitie neno langu katika ubishi ambao umekigawanya kidato chetu cha tatu tangu tufungue shule. Ubishi wenyewe si wa siasa wala wa kandanda, bali ni wa mtambo. Tena mtambo wenyewe haupo popote duniani!

Mtambo huu umo katika filamu iitwayo Loki. Najua baadhi ya walimu wangu wamekwisha kukunja nyuso. Filamu tena! Hebu subirini kidogo. Hadithi ni hadithi, iwe imesimuliwa na nyanya mekoni au imechezwa katika runinga, na kama tunaruhusiwa kuwachambua wahusika wa riwaya na tamthilia za mtihani, sioni kosa la kumchambua Loki. Ni mfululizo wa vipindi 12 uliotengenezwa na kampuni ya Marvel ya Marekani. Sita vya kwanza vilionyeshwa mwaka wa 2021, na sita vya pili vikatoka Oktoba na Novemba mwaka wa 2023. Loki mwenyewe ameigizwa na Mwingereza Tom Hiddleston. Sisi wa shule ya kutwa tumebahatika kuutazama jioni kwenye simu za kaka na binamu zetu, baada ya kuteka maji na kuosha vyombo, jambo ambalo wenzetu wa mabweni hulitamani sana. Basi ikiwa hujautazama na hutaki nikupasulie mbarika, fungua kwanza ukurasa wa mashairi, kisha urudi huku siku nyingine.

Katika ulimwengu wa hadithi hii, wakati si mto mmoja unaoteremka baharini. Ni kama mti. Mtu akifanya jambo ambalo hakutarajiwa kulifanya, tawi jipya la wakati linachipuka, na ndani ya tawi hilo mna miji, mabahari, watoto wanaokwenda shule, kila kitu. Sasa, liko shirika moja linaloitwa TVA ambalo kazi yake ni kuyapogoa matawi hayo yote ili ubaki mkondo mmoja tu, waliouita Mkondo Mtakatifu. Wafanyakazi wa TVA waliambiwa kwamba waliumbwa na Walinda Wakati watatu. Uongo mtupu! Hao Walinda Wakati walikuwa mitambo iliyovishwa sura, na nyuma yao alikuwako mtu mmoja tu aliyekaa peke yake kwenye mwisho wa wakati. Nitamwita Abakiye, kwa sababu jina lake la Kiingereza lina maana hiyo hiyo.

Abakiye ndiye aliyeujenga mtambo ninaouzungumzia. Kiingereza wanauita Temporal Loom. Uko nje ya jengo la TVA, nyuma ya milango mizito ya chuma, nao ni mkubwa ajabu. Fundi wao, mzee mchangamfu aitwaye OB ambaye amefanya kazi chini ya ardhi miaka mingi bila kupata mgeni, anaeleza kwamba wakati huingia mle ukiwa mbichi, umetawanyika, hauna umbo, na mtambo unausokota mpaka unakuwa uzi mmoja wenye kukaa imara. Bila uzi huo hakuna jana wala leo, hakuna hapa wala pale. Mionzi inayotoka pale ni mikali mno hata anayetoka nje lazima avae nguo maalumu, na aharakishe kurudi kabla nguo haijamalizika mwilini.

Niseme kidogo juu ya jina. Tulipokuwa tukibishana wengi walisema "ile mashini", na mwenzetu mmoja akadai ati Kiswahili hakina neno la kitu kama hicho. Nilikataa. Tazama kamusi, utakuta kitanda cha mfumi. Nyuzi zinazotandazwa kwa urefu ni mtande, na zile zinazopitishwa kwa upana ni mshindio. Maneno haya hayakuletwa na meli juzi. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka wa 1331 alivikuta vitambaa vilivyofumwa papo hapo, vizuri hata vikauzwa mpaka Misri. Watu wa pwani hii walijua kufuma kabla hiyo Marekani yenyewe haijawa nchi. Haya, turudi kwenye mtambo.

Mwishoni mwa vipindi vile vya 2021, mwanamke aitwaye Sylvie anamuua Abakiye. Mara matawi yanachipuka kama majani baada ya mvua za masika. Kwa hiyo vipindi vya 2023 vinaanza mtambo ukiwa umeelemewa. Unatetemeka, taa zinazimika na kuwaka, na Loki anarushwa huku na huko katika wakati kama karatasi katika upepo. Hapo ndipo kila mtu anaposhikwa na wazo moja tu: mtambo uongezwe nguvu! Wanamtafuta mvumbuzi mmoja hadi Chicago, mwaka wa 1893, wakati wa yale maonyesho makubwa ya dunia. Wanamleta, wanatengeneza kifaa cha kuipanua njia ya nyuzi, maskini yule mvumbuzi anatoka nje akiwa amekishika mkononi, na kabla hajapiga hatua tatu mionzi inamchambua kama uzi. Kisha mtambo unalipuka.

Hapa ndipo kidato chetu kilipogawanyika. Wengi wanasema mtambo hauna kosa. Mmoja wao, ambaye ni hodari wa hisabati kuniliko, alitoa mfano wa matatu: gari la watu 14 likipakiwa watu 30, springi zikavunjika, je, utalilaumu gari? Utamlaumu utingo! Kwa hiyo, anasema, dawa ni mbili. Ama utafute basi kubwa zaidi, ama abiria wengine washuke. Na kwa kuwa basi kubwa halikupatikana, basi abiria washuke, yaani matawi yakatwe. Ni huzuni, lakini afadhali uzi mmoja kuliko giza.

Mfano huu ni mtamu na ndiyo maana uliwavuta wengi. Mimi naukataa kabisa, na sababu yangu imo katika kipindi cha mwisho ambacho naona wengi walikitazama wakisinzia.

Katika kipindi hicho Loki amejifunza kurudi nyuma katika wakati apendavyo. Anarudi. Anajaribu tena. Anashindwa. Anarudi tena. Anakaa chini kusoma fizikia kwa OB, na anasoma kwa karne kadhaa! (Nasi tunalalamika kwa vipindi vinne vya fizikia kwa wiki.) Mwishowe kila hatua inakwenda sawasawa, kifaa kinafika mahali pake, njia inapanuka, watu wanashangilia. Kisha mtambo unalipuka vilevile. Kwa nini? Kwa sababu matawi hayana idadi. Huwezi kutengeneza chombo cha kukitosha kitu kisicho na mwisho, hata ukikifanya kikubwa mara elfu. Huyo hodari wetu wa hisabati alipaswa kuwa wa kwanza kuliona jambo hili.

Ndipo Loki anapomwendea Abakiye katika ule wakati kabla hajauawa, na Abakiye anamfunulia siri. Mtambo ule haukujengwa ili uyabebe matawi yote. Uliwekwa kama ulinzi. Ukizidiwa, unayafuta matawi yote yasiyotakiwa, na unaubakiza uzi mmoja tu, ule aliouchagua mwenye mtambo.

Someni tena hapo, jamani. Wakati mafundi walipokuwa wakikimbia huku na huku wakilia kwamba mtambo unaharibika, mtambo haukuwa ukiharibika. Ulikuwa ukifanya kazi yake. Matatu ya yule mwenzangu haikuvunjika springi kwa bahati mbaya. Ilitengenezwa na mwenyewe ili abiria wakizidi, sakafu ifunguke, waanguke wote barabarani, na abaki dereva na jamaa zake. Je, utasema bado kwamba gari halina kosa?

Kuna chombo kinachokosa nguvu na kuna chombo chenye nia. Cha kwanza unakitengeneza. Cha pili ukikitengeneza unaiongezea nguvu ile nia. OB ni fundi mwema, mtu ambaye ningependa awe mjomba wangu, lakini miaka yote hiyo hakuwahi kuuliza swali dogo tu: huu mtambo uliwekwa kwa faida ya nani? Aliuliza unapitisha nyuzi ngapi. Sina ugomvi na mafundi, mwenyewe natamani siku moja niwe mmoja wao, ila naona ufundi bila swali hilo ni hatari.

Tena tuangalie kile kilichoitwa mzigo. Katika kipindi cha pili cha 2023, Jenerali mmoja wa TVA anaondoka na wafuasi wake kwa siri na kuyalipua matawi kwa mabomu, kwa imani kwamba anaulinda Mkondo Mtakatifu. Hatuonyeshwi damu hata tone. Tunaonyeshwa skrini yenye mistari, na mistari inazimika mmoja baada ya mwingine, huku askari mmoja wa kike aitwaye B-15 akitazama machozi yakimtoka, kwa sababu yeye peke yake ndiye anayekumbuka kwamba kila mstari ni watu. Binamu yangu alisema sehemu hiyo inachosha kwa kuwa haina vita. Mimi ndiyo iliyoninyima usingizi.

Na ajabu ya mwisho ni hii: hao waliokuwa wakipogoa matawi walitolewa wenyewe katika matawi hayo! Waliibwa, wakafutwa kumbukumbu, wakavishwa sare. Baadaye tunaonyeshwa walivyokuwa. B-15 alikuwa daktari mjini New York mwaka wa 2012. OB alikuwa mwalimu wa fizikia na mwandishi wa hadithi ambazo hakuna aliyezinunua, huko Pasadena mwaka wa 1994. Mobius, rafiki mkubwa wa Loki, alikuwa baba wa wavulana wawili watundu, akiuza vyombo vya kuchezea majini. Mtambo uliwatumia watu kuwakata ndugu zao, nao wakadhani ndiyo kazi waliyoumbiwa.

Sasa msidhani kwamba nazungumza juu ya mambo ya mbinguni tu. Sisi wa kidato cha tatu tunaujua mtambo mwingine, nao unaitwa wastani. Jirani yangu mmoja, aliyesoma katika shule moja ambayo sitaitaja, aliitwa mwishoni mwa kidato cha tatu akaambiwa alama zake "zitavuta shule chini". Akapewa njia mbili: arudie darasa, au atafute mahali pengine pa kujisajilia mtihani. Sheria ya Elimu ya Msingi ya mwaka wa 2013 inakataza mwanafunzi kushikiliwa darasani, lakini nani angekwenda kumsomea mwalimu mkuu sheria? Hakuwa na karo ya kurudia mwaka. Akaenda zake. Mwaka uliofuata wastani wa shule hiyo ulipanda, kukawa na nyimbo na keki. Uzi ukang'aa kwa kuwa tawi lilikwisha kukatwa.

Hakuna aliyesema shule hiyo ina ukatili. Walisema ina viwango. Na ukiuliza watakujibu kama yule hodari wetu: gari lilikuwa limejaa. Lakini hebu nijibiwe, shule ilijengwa ili iwe na wastani, au ilijengwa ili wanafunzi wasome? Maana kama ni ya wastani, basi haikumkosea jirani yangu, ilifanya kazi yake barabara, na tatizo ni kubwa kuliko tulivyofikiri.

Nisije nikaambiwa naegemea upande mmoja, nitaieleza hoja kali kabisa ya wapinzani wangu, ambayo mwalimu mmoja alinipa tulipokuwa tukipanga viti baada ya mkutano wa chama. Alisema, "Wewe kijana unasahau kwamba Abakiye hakuwa akidanganya kuhusu vita." Ni kweli, mwalimu. Abakiye ana nakala zake katika matawi mengine, na nakala hizo zilipokutana zamani zilipigana hata malimwengu yakakaribia kuangamia yote. Mtambo na mapogozi yake vilileta amani. Yeyote anayesema utaratibu si kitu hajawahi kukaa katika darasa lisilo na kiranja.

Lakini angalieni amani yenyewe. Katika nyuzi zote zisizohesabika, uzi uliochaguliwa ubaki ni ule ambao Abakiye ndiye mshindi. Yeye ndiye aliyeshitaki, akatoa ushahidi, akahukumu, kisha akarithi shamba. Hata Wagiriki wa kale hawakufika huko. Walisimulia juu ya wanawake watatu waliosimamia maisha: Klotho alisokota uzi, Lachesis akaupima, na Atropos akaukata. Lilikuwa jambo la kutisha, lakini angalau kila mwanadamu alisokotewa uzi wake, na hakuna aliyekatwa ili uzi wa Klotho upate nafasi. Ikiwa vita ni hatari, vizuieni vita. Kuwafuta wasiozaliwa bado na wasiojua hata jina la Abakiye si kuzuia vita. Ni kumaliza vita kwa kuwamaliza watu.

Wapenzi wa fizikia wataniuliza kama wakati unahitaji kushikiliwa na mtambo wowote. Katika ulimwengu wetu, hapana. Tangu Einstein tumejua kwamba wakati hauendi kwa mwendo mmoja kila mahali. Saa zilizo katika setilaiti zinazoongoza ramani za simu zetu hukimbia mbele ya saa za hapa chini kwa sehemu 38 za sekunde moja iliyogawanywa mara milioni, kila siku. Wataalamu hawakuzitupa saa hizo ati kwa kuwa hazifuati mkondo mtakatifu. Wanazikokotolea tofauti, na maisha yanaendelea. Hilo nimeliweka hapa kwa sababu linanifurahisha tu.

Nije kwenye mwisho wa filamu. Loki alipewa na Abakiye njia mbili: amuue Sylvie ili mtambo uendelee, au mtambo ufute kila kitu. Akachagua ya tatu ambayo haikuwamo. Anatoka nje bila nguo ya kinga, mionzi inamrarua mavazi, anauvunja mtambo, na nyuzi zinazokufa anazishika kwa mikono yake mwenyewe. Zinapata uhai. Anazikokota ngazi kwa ngazi mpaka kwenye kiti cha mwisho wa wakati, anaketi, na tukitazama kwa mbali tunaona umbo la mti. Waliosoma visasili vya watu wa kaskazini mwa Ulaya watautambua mti huo. Ni Yggdrasil, unaobeba malimwengu tisa, ulioelezwa na Snorri Sturluson wa Iceland katika karne ya 13. Na katika visasili hivyo Loki ni mlaghai anayepigana upande wa maangamizi siku ya mwisho. Waandishi wa filamu wamemchukua mvunjaji wakamfanya shina. Kwa hilo nawavulia kofia.

Hata hivyo nina kinyongo, nacho sitakimeza. Kumbe tumetoka kwa mtu mmoja aliyekaa peke yake kwenye kiti, tukaishia kwa mtu mmoja aliyekaa peke yake kwenye kiti! Wenzangu wananiambia sina shukrani, kwamba Abakiye alikata na Loki anashikilia, na kati ya mambo hayo mawili pana bahari. Nakubali. Lakini siku Loki atakapochoka? Hakuna hata mmoja aliyeulizwa kama angependa kusaidia kuzishika. Hapa kwetu hata kufagia darasa kuna zamu, orodha imebandikwa ukutani, na anayekwepa anajulikana. Ningekuwa mimi mwandishi, OB angeshika nyuzi kidogo, B-15 angeshika kidogo, na hata yule Jenerali, ili ajue zina uzito gani.

Yuko Mobius pia. Baada ya yote anaacha kazi ya TVA na kwenda kusimama mbele ya ile nyumba ambamo angeishi, akiwatazama wale wavulana wawili wakicheza uani. Haendi kujitambulisha. Sylvie anamuuliza atakwenda wapi sasa, naye anasema atasimama hapo kidogo, auache wakati upite. Yule mwenzangu wa matatu anasema sehemu hiyo haina maana, ingekatwa filamu iwe fupi. Jumatatu tutakutana naye katika mjadala wa chama, naye ameahidi kuleta hesabu. Mimi nitamletea Mobius.